Dereva wa Jumamosi na Mayai ya Msibani

“Mimi, Delmar Stroup, sijawahi kutoka garini kabla bendera ya mwisho haijapepea! Siku mtakayoniona nimetoka, leteni jeneza!”

Maneno hayo aliyatamka mwenyewe kabla ya mbio, kwenye kipaza sauti, mbele ya jukwaa zima la uwanja wa Piney Knob. Watu wakapiga makofi. Wengine wakapiga mbinja. Mmoja akauliza jeneza la ukubwa gani.

Kama gazeti la wiki iliyopita ulifungia maandazi, nakukumbusha upesi, maana magari hayangoji. Jumatatu hadi Ijumaa Delmar huendesha gari la maiti la Kampuni ya Mazishi ya Lowder, taa zimewashwa, uso umekunjwa, mwendo wa kinyonga mwenye gauti. Jumamosi huvua tai, akaingia kwenye gari namba 44, jeusi vilevile, lililolipiwa na kampuni hiyohiyo, akakimbia kama aliyefufuka. Nyuma ya gari wameandika kwa herufi kubwa: TUPITENI TU, TUTAONANA.

Na leo juu jukwaani ameketi Everett Gaddis.

Gaddis huyu ana timu kubwa, magari yanayokimbia kila wiki kutoka jimbo hadi jimbo, na kiti kimoja hakina dereva. Amekuja Piney Knob na kofia yake ya majani, hakusalimia mtu, akasema neno moja tu: “Nikimwona dereva, nitamjua.”

Kwa Delmar, kile kiti ndicho kila kitu. Miaka kumi na moja amekuwa dereva wa siku moja kwa wiki. Miaka kumi na moja akishinda Jumamosi, Jumatatu anafungua mlango wa nyuma na kusema “pole sana” kwa sauti ya chini. Akikipata kiti cha Gaddis, hatabeba maiti tena.

Basi tulimwacha raundi thelathini zimebaki, yuko wa tatu, anamfukuza Travis Huskey wa gari namba 7. Tumbo likanguruma.

Mwanzo alidhani ni gia.

“Rufus,” aliita kwenye redio ya kofia yake, “injini inatoa mlio.”

Rufus Teague, fundi wake mkuu, alikuwa juu ya paa la jukwaa, akitazama uwanja wote na kumwelekeza. “Injini inaimba kama kinanda cha kanisa. Mkabe Huskey!”

“Kuna kitu kinanguruma, nakwambia!”

“Upande gani?”

Delmar akasikiliza. Kikanguruma tena, na safari hii kikajigeuza.

“Rufus,” alisema taratibu, “yale mayai.”

“Mayai gani?”

“Ya msiba wa mzee Icard.”

Hapa kwetu milimani mtu akifa jirani haji mikono mitupu. Huja na bakuli. Na kwenye kila msiba lazima kuwe na sahani ya mayai ya kuchemsha yaliyokatwa katikati, kiini kimepondwa na mayonezi na haradali, kikarudishwa mahali pake. Mjane wa Icard, mama mwenye huruma, alimfungia dereva wa gari la maiti sahani nzima. Delmar akaiweka kwenye dashibodi. Jua la Septemba likaitazama sahani ile Ijumaa nzima kupitia kioo, na leo asubuhi likaisalimia tena. Ndipo Delmar akala yote, akalamba na kifuniko.

“Ulikula mayai yaliyolala kwenye gari la maiti?” Rufus alipiga kelele.

“Yalikuwa yananukia vizuri!”

“Delmar, hata maiti tunawaweka kwenye baridi!”

“Nifanye nini sasa?”

“Jikaze kisabuni. Raundi thelathini tu. Na usikohoe.”

Akajikaza. Kona ya kwanza alijikaza. Kona ya pili alijikaza. Kona ya tatu akaanza kuimba wimbo wa dini. Jasho jembamba lilimtiririka hadi kwenye kope, na gari lililokuwa la tatu likawa la nne, kisha la sita. Huskey, akizidi kumwacha, alitoa mkono dirishani akampungia kama anayemuaga marehemu.

Halafu, puu!

Magari mawili yaligongana kona ya nne, moja likazunguka kama pia, moshi ukafunika uwanja. Bendera ya njano ikatoka: punguzeni mwendo, msipitane. Jukwaa zima lilisimama kutazama ajali, Gaddis naye akasimama, na katika moshi ule ule Delmar akakata kushoto, akaingia eneo la mafundi kama mwizi anayekimbilia shamba la mahindi.

Dada yake ndiye aliyempokea, spana ya matairi mkononi.

Roxanna Stroup huyo. Ndiye mdogo wake, ndiye fundi wake wa matairi, na siku za kazi yuko kwa Lowder huko huko, akiwatengeneza nywele wafu. Anasema ni kazi nzuri, wateja hawabishani juu ya mtindo. Ijumaa jioni hukimbiza magari madogo kwenye uwanja wa vumbi nyuma ya ghala la tumbaku, na huko wanaume wamechoka kumwona mgongo. Lakini namba 44? Miaka mitatu amemwomba kaka yake raundi moja tu ya mazoezi. Miaka mitatu Delmar amemjibu, “Ukishakuwa dereva.”

“Mbona umekuwa kijani?” aliuliza Roxanna.

“Mafuta. Weka mafuta. Badilisha tairi. Badilisha chochote, lakini haraka.”

Roxanna aliinamisha kichwa dirishani, akamtazama usoni, akatazama alivyobana magoti.

“Kaka, toka.”

“Sitoki! Nimewaahidi watu!”

“Delmar, hizo ovaroli nafua mimi. TOKA!”

Tumbo ndilo lililotoa uamuzi. Delmar aliteleza dirishani kama kambare, na kabla mguu wake haujagusa lami, Roxanna alikwishavaa kofia yake mwenyewe, nyeusi na yenye redio, akaingia na kujifunga mikanda. Ovaroli zao ni za aina moja, nyeusi tupu, sare ya Lowder. Kutoka jukwaani, mwenye macho ya tai asingewatofautisha.

Ofisa wa mashindano alikuja mbio. “Mnabadilisha dereva?”

“Ndiyo, mkuu,” alijibu Roxanna, akampa leseni yake.

“Sheria mnaijua. Aliyeanza ndiye anayeandikwa. Huyu binti akishinda, ushindi ni wa kaka yake. Na kwa kubadilisha, mnarudi nyuma ya wote.”

“Unasikia, Roxanna?” Delmar alisema, huku akicheza ngoma isiyo na jina. “Jina ni langu. Usinivunjie gari. Ukinivunjia gari nitakuzika kwa gharama zangu!”

“Nenda, kaka. Utaharibu hali ya hewa.”

Delmar alimpokonya fundi mmoja redio ya upepo iliyoning'inia kiunoni mwake, akaondoka. Sisemi alikimbia, maana kukimbia kulikuwa na hatari yake. Alikwenda kwa hatua fupi fupi za bibi harusi aliyebanwa na gauni, nyuma ya banda la mikate ya soseji, penye vyoo vya plastiki.

Palikuwa na foleni.

“Bwana, foleni inaanzia huku!” alisema jamaa mwenye kitambi.

“Ndugu yangu, mimi niko kwenye mbio!”

“Hata sisi.”

Sijui ni macho yake au ni ule mlio uliofuata, lakini foleni iligawanyika yenyewe kama Bahari ya Shamu. Mlango ukafungwa. Kitasa kikageuka.

Msomaji wangu, hapo tutapita haraka kwa adabu.

Mbio zilipoanza tena, Delmar alizisikia. Ukuta wa plastiki ulitetemeka, na yeye akatetemeka pamoja nao. Redio aliibana kati ya shavu na bega, kidole kwenye kitufe.

“Rufus! Yuko wa ngapi?”

“Wa mwisho,” sauti ya Rufus ilijibu kutoka paani. “Subiri. Si wa mwisho. Subiri. Mama yangu!”

“Nini? Kapiga ukuta?”

“Kapita wawili kwa mpigo, kati kati yao. Hata kioo hajagusa!”

“Roxanna!” Delmar alifoka. “Usipite kati kati! Ile ni rangi mpya!”

“Nani huyo?” alijibu Roxanna, mwenyewe ametulia kama anasuka nywele.

“Dereva!”

“Dereva ni mimi. Wewe kaa ulipokaa.”

Akakaa. Angefanya nini? Kila alipojaribu kuinuka, yai moja lilikumbuka kwao.

“Kona ya pili achia breki mapema!” alishauri baada ya muda, sauti imebanwa.

“Kaka, unaongea na mimi au na choo?”

“Wa saba,” alisema Rufus. “Wa tano. Delmar, huyu mtoto umemficha wapi siku zote hizi?”

Delmar alijifanya hakusikia. Jambo hilo alilijua siku nyingi. Aliwahi kumwona Roxanna kwenye uwanja wa vumbi, mara moja, amejificha nyuma ya lori la kubeba mbao ili asionekane. Aliondoka kabla ya mwisho. Jumapili kanisani akamwambia hakupata nafasi ya kwenda.

“Wa pili!” Rufus sasa alikuwa anapayuka. “Raundi ya mwisho! Yuko mkiani mwa Huskey!”

“Usimguse, Roxanna! Gaddis anatazama! Gaddis hapendi vurugu!”

“Mlango wa ndani umefunguka, Huskey kaacha nafasi!” alisema Rufus. “Mguse kidogo, binti! Kidogo tu, kama unamwamsha!”

“Usimguse!”

“Mguse!”

“Usimgu... aaai, tumbo langu... MGUSE! Mguse, dada yangu, mguse!”

Ukuta wa choo ulinguruma. Halafu jukwaa zima likalia kwa sauti moja, na Delmar, peke yake duniani, suruali magotini, hakujua ni sauti ya kushangilia au ya kuomboleza.

“Rufus?”

Redio ikakoroma.

“Rufus, sema neno.”

“Kamgusa nyuma, upande wa kushoto,” Rufus alisema, na sauti yake ilikuwa ya mtu anayelia. “Huskey kapanda juu kwa nje, Roxanna kapita chini kwa ndani. Kwa pua ya gari, Delmar. Tumeshinda!”

Delmar aliruka, akagonga kichwa kwenye paa la plastiki, akasahau maumivu yote. Tumeshinda! Na sheria ni sheria: aliyeanza ndiye anayeandikwa! Alifunga zipu mpaka kidevuni, akavaa kofia ngumu, akatoka nje akikimbia, safari hii kukimbia kweli.

Jukwaa lilipomwona likalipuka. Watu walicheka, wakapiga makofi, wengine wakabana pua na kumpungia. Delmar akawapungia naye, akabana pua yake. Alidhani ni salamu mpya ya mashabiki.

Kwenye jukwaa la washindi Roxanna alikuwa amekwisha simamisha gari na kutoka. Alisimama kando pamoja na mafundi, kofia bado kichwani. Mtangazaji alitangaza kama karatasi ya ofisa ilivyoandikwa: “Mshindi, namba arobaini na nne, Delmaaar Stroup!” Delmar akapanda juu ya paa la gari. Kombe likaja. Soda ikamwagwa. Travis Huskey alipita na uso kama kitunguu kilichooza.

“Umenisukuma, mbeba maiti!”

“Nilikuamsha tu,” alijibu Delmar.

Na hapo umati ukafunguka njia. Everett Gaddis alikuwa anakuja.

Delmar alishuka kutoka juu ya gari polepole.

“Kijana,” alisema Gaddis, “nikwambie ukweli?”

“Niambie, mzee.”

“Raundi za kwanza ulinichosha. Uliendesha kama mtu anayeogopa kumwaga uji. Nilikuwa nimekwisha chukua funguo zangu niende zangu nyumbani.”

Delmar alilikumbatia kombe.

“Lakini baada ya ile ajali!” Mzee alivua kofia ya majani. “Miaka arobaini natazama magari. Kutoka mwisho mpaka mbele, bila kukwaruza rangi, kisha ile kona ya mwisho! Mtu aliyeendesha raundi zile namtaka Jumatatu asubuhi kwenye karakana yangu. Ni wewe huyo?”

Swali lilikuwa jepesi, na jibu lake lilisimama hatua chache nyuma ya Delmar, limevaa kofia nyeusi.

Alihisi macho ya Roxanna kisogoni. Hakugeuka. Aliona gari la maiti. Aliona mlango wa nyuma ukifunguka Jumatatu hii, na Jumatatu ile, na nyingine, mpaka siku yeye mwenyewe atakapoingizwa kwa mlango huo huo. Akataka kusema kweli, Mungu ni shahidi wake. Lakini ulimi wa Delmar haukuwahi kukanyaga breki.

“Ni mimi, mzee!”

“Hebu nieleze basi. Wale wawili uliowapita kati kati, uliona nafasi gani? Mimi sikuiona.”

“Nafasi haionwi, mzee, inanuswa!” Delmar alianza kupata moto. “Nilijiambia, Delmar, hawa wanaogopana, wapitie kama uzi kwenye sindano. Nikapita! Hata kioo sikugusa!”

“Na Huskey?”

“Ah, Huskey nilimwonea huruma. Rufus aliniambia mguse. Mimi nikakataa! Nikasema hapana, mzee Gaddis anatazama. Lakini mlango wa ndani ulipofunguka nikamgusa nyuma, upande wa kushoto, kidogo, kama unavyomwamsha mtoto aende shule. Akapanda, nikashuka. Kwa pua, mzee! Na mkono wangu mmoja ulikuwa unafuta kioo!”

Mafundi walitazama viatu vyao. Rufus, aliyekuwa ndiyo kwanza anashuka kutoka paani, alisikia la mkono mmoja akageuka kupanda tena.

“Ajabu,” alisema Gaddis. “Mimi hizi redio wanazokodi watu jukwaani ili wasikilize madereva wakiongea, sivai. Zinajaza kelele. Namhukumu dereva kwa macho yangu tu.”

“Vizuri sana, mzee,” alisema Delmar, na maneno hayo yalipita masikioni mwake bila kubisha hodi.

Gaddis alinyoosha mkono. Mkono mpana, wenye pete. Wa Delmar nao ukanyooka kuupokea. Vidole vilibakiza upana wa jani kukutana.

“Nipisheni, wanangu. Nipisheni nimwone.”

Alikuwa Bi Odessa Lail, mama wa miaka themanini na ushei, mkongojo mkono mmoja, mkoba mkono mwingine. Shingoni alining'iniza vipokea sauti vikubwa kama vikombe viwili vya chai. Alikwenda moja kwa moja kwa Delmar, akamshika shavu.

“Pole, mwanangu. Tumbo limetulia?”

Mkono wa Gaddis ulibaki hewani.

“Tumbo gani, bibi?” Delmar alicheka. Kilikuwa kicheko chembamba sana.

“Usione haya. Mayai ya msibani yaliwahi kumlaza hata marehemu wangu wiki nzima, na yeye alikuwa mwanamume haswa. Mimi gari lako ndilo pekee ninalolisikiliza, tangu ulipompeleka mume wangu kaburini bila hata kumtikisa. Basi leo tumekuwa wote tangu ulipofunga ule mlango.” Alifungua mkoba. “Ulipomlilia Mungu kwamba karatasi imekwisha, roho iliniuma. Nikasema mtoto wa watu hawezi kufia mle. Nikakuletea, lakini miguu yangu hii...”

Akamkabidhi Delmar karatasi ya choo, nzima, haijafunguliwa, mbele ya kombe.

Jukwaa zima, lile lililovaa vipokea sauti, likainuka lisikie vizuri.

Gaddis aliushusha mkono wake polepole, akautia mfukoni. “Mama,” aliuliza kwa heshima, “huyu kijana alikuwa chooni wakati gani?”

“Raundi zote za mwisho, baba. Alitoka baada ya bendera. Hata kichwa alipokigonga nilisikia.”

“Sasa gari lilikuwa linaendeshwa na nani?”

Bi Odessa alimtazama Delmar kwa upole wote alionao.

“Mwambie mwenyewe, mwanangu. Mimi kumwaibisha mtu mbele za watu siwezi.”

Delmar, kombe kwapa moja na karatasi ya choo kwapa jingine, alifungua mdomo. Kwa mara ya kwanza tangu azaliwe, haukutoka kitu. Na nyuma yake ikasikika kamba ya kofia nyeusi ikifunguliwa chini ya kidevu.